SAUTI YA MTOTO YAUZWA KWA DAKIKA



Wako watu waisifuo redio ndogo ya WMMT, iliyoko Whitesburg katika jimbo la Kentucky, Marekani, kwa kuwa kila Jumatatu usiku hupeleka salamu za jamaa kwa wafungwa wa milima ile. Nasi twaisifu. Lakini sifa hizo zisiwe pazia la kufichia dhulma iliyosababisha kazi hiyo ihitajike.

Kisa chenyewe ni hiki. Mwishoni mwa miaka ya 1990 jimbo jirani la Virginia lilifungua magereza mawili makubwa, Red Onion na Wallens Ridge, katika milima ya makaa ya mawe. Wafungwa wengi walitoka miji ya mbali. Mzazi atokaye Richmond kumtazama mwanawe hukaa garini saa 6 au zaidi. Connecticut nayo mwaka 1999 ikaanza kupeleka wafungwa wake Wallens Ridge, kana kwamba ni magunia yawekwayo katika ghala la kukodi. Barua za wafungwa zikaifikia redio, na watangazaji wakawafungulia jamaa njia ya simu: mama anena, mtoto aimba, mke ataja siku ya kuzaliwa. Aliye ndani husikiliza, wala hana njia ya kujibu hewani. Na siri ya nyumba husikiwa na bonde zima!

Kwa nini basi wasipigiane simu? Hapa mimi mwenye duka naomba nafasi, maana mambo ya bei nayajua. Nikizidisha bei ya sukari, mnunuzi huvuka njia akaenda kwa jirani. Gerezani hakuna jirani. Kampuni moja hupewa simu zote, na katika magereza mengi ilipewa kwa sharti la kuwarudishia wenye gereza fungu la mapato. Mlinzi amekuwa mbia wa mchuuzi. Nani atamtetea mlipaji, ambaye hata hakuhukumiwa?

Alijitetea mwenyewe. Bi Martha Wright, bibi kipofu wa Washington, alishitaki mwaka 2000 kwa ajili ya gharama za kuzungumza na mjukuu wake. Akafariki mwaka 2015. Sheria yenye jina lake ikatiwa sahihi Januari 2023. Miaka 23!

Twaambiwa simu za bure haziwezekani. Connecticut ile ile iliyowapeleka watu milimani ilipitisha sheria ya simu za bure mwaka 2021. Basi wasemao haiwezekani watuonyeshe kwanza daftari la fungu walilopokea.