Takwimu pekee haziwezi kutibu jamii

UGONJWA wa Ebola ulipoenea Guinea, Liberia na Sierra Leone mwaka wa 2014, wataalamu walikuwa na hesabu ya wagonjwa na maiti. Hesabu hiyo haikuwaeleza ni kwa nini familia zilificha wagonjwa na kuzika wafu wao kwa siri.

Mnamo Septemba mwaka huo, watu wanane waliokwenda Womey, Guinea, kuhamasisha umma kuhusu maradhi hayo waliuawa na wanakijiji.

Wanaanthropolojia waliokaa na wenyeji, wakihudhuria matanga na kusikiliza wazee, waligundua kwamba wengi hawakuchukia tiba. Kilichowauma ni kuona jamaa zao wakitiwa mifukoni na kuzikwa bila dua wala kuagwa.

Novemba 2014, Shirika la Afya Duniani (WHO) lilitoa mwongozo wa mazishi salama na yenye heshima, uliowashirikisha familia na viongozi wa dini.

Hata hivyo, Aprili 2020, mwili wa mtu aliyehusishwa na Covid-19 ulizikwa usiku bila jeneza huko Siaya, jambo lililozua hasira kote nchini Kenya.

Wakosoaji hudai kuwa mahojiano na watu wachache hayawakilishi taifa. Ni kweli, kwani ukubwa wa tatizo hupimwa kwa takwimu. Lakini kiini chake hufahamika kwa kusikiliza, na muuguzi, anayeshinda kando ya mgonjwa, ndiye anayestahili kufunzwa utafiti wa aina hii. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.