WAZIRI MKUU NI MTU WA BARAZA

Ndugu wasomaji, yapo maneno yanayosemwa sana barazani, na hata ndani ya maofisi yetu saa ya chai, nasi hatuwezi kuyanyamazia. Husemwa kwamba Waziri Mkuu ni mtu aliyekabidhiwa nchi. Kwamba Bunge ni mahali pa kelele tu, nalo humchelewesha katika kazi. Na kwamba mambo yangalikwenda mbele kama angaliachwa aamue peke yake. Wenye kusema hivi si wajinga, tena wengine ni wasomi wenye vyeti vyao. Ndiyo maana twawajibu.

Na tuanze kule cheo chenyewe kilikozaliwa. Katika Uingereza hakuna sheria iliyokiumba. Robert Walpole, ahesabiwaye kuwa wa kwanza, alishika kazi mwaka 1721 akiwa msimamizi wa Hazina ya Mfalme, na jina la Waziri Mkuu lilikuwa tusi vinywani mwa adui zake, yaani mtu ajikwezaye juu ya wenziwe. Alidumu miaka zaidi ya 20. Alipoondoka mwaka 1742 hakuondolewa na Mfalme, maana Mfalme alikuwa angali upande wake; wabunge ndio waliomwacha, akaona hawezi tena kupitisha neno. Polepole ikawa desturi: Mfalme humwita yule awezaye kuungwa mkono na wabunge walio wengi, na asipoungwa mkono hana budi kwenda zake.

Watatuambia kwamba hayo yafaa wakati wa amani. Basi na watazame Mei 1940. Uingereza ilikuwa vitani, na mambo ya Norwei yameharibika. Wabunge wakajadiliana siku mbili, na tarehe 8 wakapiga kura. Neville Chamberlain alipata 281, waliompinga 200. Kwa hesabu ya dukani ameshinda. Lakini wingi wa chama chake ulikuwa mkubwa kuliko huo sana. Watu wake mwenyewe walikuwa wamevuka kwenda upande wa pili, na wengine hawakupiga kura kabisa. Tarehe 10, siku ile ile majeshi ya Wajerumani yalipoingia Uholanzi na Ubelgiji, alijiuzulu, Winston Churchill akashika mahali pake. Je, hilo ni Bunge lililochelewesha kazi?

Tena kuna usiku wa tarehe 28 Machi 1979, ambao twapenda kuukumbuka kuliko nyingine zote. James Callaghan aliulizwa na Bunge kama bado laiamini serikali yake. Mbunge mmoja wa chama chake, Sir Alfred Broughton, alikuwa mgonjwa wa kufa. Wapo waliotaka aletwe kwa gari la wagonjwa ili kura yake ihesabiwe. Callaghan akakataa asiletwe. Kura zikahesabiwa: 311 dhidi ya 310. Serikali ikaanguka kwa kura moja, na yule mgonjwa akafa siku chache baadaye. Angaliletwa, kura zingalikuwa sawa. Hatusemi Callaghan alikuwa mtakatifu. Twasema alijua kwamba kiti kile si chake.

Sasa tutazame kwetu Afrika ya Mashariki, maana huku ndiko kunakotuuma. Mwezi wa Februari 1966 Bunge la Uganda lilipitisha azimio la kutaka uchunguzi juu ya mashtaka ya dhahabu ya Kongo, na Waziri Mkuu Milton Obote hakuwapo mji mkuu. Aliporudi hakuenda kuliuliza Bunge kama bado lamwamini. Tarehe 22 mawaziri watano walikamatwa wakiwa mkutanoni, kisha Katiba ikawekwa kando, na kufika Aprili yeye mwenyewe ni Rais. Huyo ndiye Waziri Mkuu asiyecheleweshwa na mtu. Wanaomtamani na wawaulize Waganda waliyoyaona miaka iliyofuata.

Tanganyika cheo kilikoma mwaka 1962 ilipoingia Jamhuri, kikarudi mwaka 1972. Kwa Katiba ya Tanzania Rais humteua Waziri Mkuu miongoni mwa wabunge wa majimbo, walakini uteuzi hauna nguvu mpaka Bunge limthibitishe, nalo laweza kumwondoa kwa kura. Wengi hulidharau sharti hilo wakiliita sherehe. Twawakumbusha Februari 2008: Edward Lowassa alijiuzulu baada ya kamati ya Bunge kusoma taarifa yake juu ya mkataba wa umeme wa Richmond. Kura haikufika hata kupigwa. Na Kenya, ambako cheo kilirudishwa mwaka 2008 ili kupatanisha watu baada ya damu kumwagika, Katiba ya 2010 haikukiweka. Tangu hapo wapo wanaokitaka tena, na tukiwasikiliza vizuri twaona wengine wanataka kiti cha kumtuliza aliyeshindwa uchaguzi. Hicho ni kiti tu.

Pengine mtauliza, haya yawahusu nini makarani? Yatuhusu sana. Wengi wetu tumewahi kusimamishwa mezani na mtu asiye na barua, akatuambia kwamba mkubwa ndivyo apendavyo, na faili lipite leo. Mahali ambapo Waziri Mkuu ni mwenye nchi, maneno hayo huwa sheria, na karani aombaye maandishi huwa adui. Mahali ambapo yeye mwenyewe ataulizwa Bungeni, karani anayo haki ya kuomba sahihi, kwa kuwa swali litarudi mpaka kwenye faili lile. Tarehe 4 Mei 1979 Callaghan alitoka, Margaret Thatcher akaingia siku hiyo hiyo, na watumishi waliompokea ndio wale wale waliomwaga mwenzake. Kazi yao haikuwa ya Callaghan wala ya Thatcher.

Basi ndugu anayetaka Waziri Mkuu mwenye nguvu, hatumkatazi. Ila atuandikie katika gazeti hili atueleze ni nani atakayemwondoa huyo mtu wake, kwa kura ngapi, na sisi siku ile tutapokea amri kwa nani. Nafasi tumemwekea katika toleo lijalo.