Fidia ya Ajali: Rufani Huanzia Barabarani

Tarehe 21 Machi 2022 baiskeli, pikipiki za abiria na bajaji zilikatazwa kuingia katikati ya jiji la Bujumbura, na sababu mojawapo iliyotolewa ilikuwa ni wingi wa ajali. Amri ile ilihusu usalama wa siku zijazo. Aliyekwisha kuvunjika mguu ana swali lake: atalipwa kiasi gani, na akilipwa kidogo aende wapi?

Sheria haikumwacha mikono mitupu. Kifungu cha 258 cha Amri ya tarehe 30 Julai 1888, tuliyoirithi kutoka enzi za ukoloni, chamlazimu kila amdhuruye mwenziwe kwa kosa lake kuyafidia madhara hayo. Aidha, mwenye gari hana budi kukata bima kwa ajili ya madhara yawapatayo watu wengine. Ndiyo maana anayeketi mbele ya majeruhi mara nyingi si dereva, bali ni mtu wa bima, naye huja na kiasi chake na kalamu. Kiasi hicho ni pendekezo, wala si hukumu. Lakini majeruhi akitia sahihi hati ya kumaliza madai kabla jeraha halijapona, huenda akajifungia mlango mwenyewe.

Vivyo hivyo hukumu ya kwanza si mwisho wa safari. Asiyeridhika aweza kukata rufani, mradi muda wa kisheria haujapita. Naye akumbuke kwamba upande wa pili waweza kukata rufani yake pia. Jirani zetu wa Kenya wanacho kipimo kilichowekwa na Mahakama yao ya Rufani katika miaka ya 1980, katika shauri la kampuni ya Kemfro Africa: jaji wa rufani haigusi fidia ila hakimu wa kwanza awe amezingatia jambo lisilohusika, ameacha linalohusika, au ametoa kiasi kidogo mno au kikubwa mno hata ikawa dhahiri kwamba makadirio yamekosewa. Sheria zetu zina asili nyingine. Walakini funzo latufaa. Malalamiko matupu hayaongezi faranga. Kinachoongeza ni ushahidi.

Ushahidi huo ni upi? Ni cheti cha daktari kinachotaja kiwango cha kilema cha kudumu. Ni risiti za dawa na nauli za kwenda hospitali. Ni uthibitisho wa mapato yaliyopotea. Ni makadirio ya matibabu yatakayohitajika baadaye, kwa bei za leo. Faranga yetu iliposhushwa thamani mwezi wa Mei 2023, tarakimu zilizoandikwa kabla ya hapo zilibaki zile zile, ilhali kilichoweza kununuliwa kwazo kilipungua. Hayo yote sharti yaelezwe mbele ya mahakama.

Hapa ndipo sisi wenye sare tunapohusika mara mbili. Twaweza kuwa majeruhi, na twaweza kuwa waandishi wa taarifa ambayo shauri zima litaitegemea. Fikirini lori lililomgonga mwenda kwa miguu kwenye mteremko wa Bugarama. Magari yakiondolewa kabla ya alama za breki kupimwa, jina la shahidi lisipoandikwa, nambari ya bima ikikosewa, mwanasheria hodari hataweza kukirudisha kilichopotea. Na gari likiwa ni la kikosi chetu wenyewe, kishawishi cha kuandika kwa upendeleo huwa kikubwa zaidi, na dhambi yake vile vile.

Kwa hiyo twawaasa wenzetu: polisi apime, aandike na asome tena kabla ya kutia sahihi, askari aliyejeruhiwa atunze kila karatasi, amwone mwanasheria mapema, wala asione haya kudai haki yake hadi ngazi ya juu. Kuomba fidia inayolingana na madhara si tamaa. Ni kudai kile ambacho sheria imekwisha kuahidi.