Thika Queens: Taji lilikuja, tiketi ya Afrika haikuja

Vipusa wa Thika Queens walitwaa Ligi Kuu ya Wanawake ya Kenya msimu wa 2020-21, wakakatiza ubabe wa Vihiga Queens, mabingwa wa 2017, 2018 na 2019. Kwa kawaida taji kama hilo huwa pasipoti ya kuingia mashindano ya bara. Kwao halikuwa.

Klabu Bingwa Afrika ya wanawake ilipoanzishwa mwaka 2021, waliobeba bendera ya Kenya katika mchujo wa CECAFA jijini Nairobi walikuwa Vihiga. Waliushinda, wakaenda Misri. Hao hawana lawama. Mwaka uliofuata klabu zote za Kenya zilifungiwa mlango. Serikali ilikuwa imevunja uongozi wa shirikisho Novemba 2021, FIFA ikaitenga nchi Februari 2022, na adhabu ilipoondolewa Novemba, Simba Queens ya Tanzania ilikuwa imekwisha kuiwakilisha kanda nchini Morocco.

Hasara hiyo si ya Thika pekee. Huko Ruiru, kilomita 20 hivi kwa barabara ile pana iliyofunguliwa 2012 (barabara tunajua kujenga), Chuo Kikuu cha Zetech kina Zetech Sparks, timu iliyocheza ligi hiyo hiyo. Msichana anayegawa siku baina ya darasa na mazoezi anajua kwamba mawakala wa ng'ambo huwatazama wachezaji kwenye mashindano ya bara. Akiona alama zinapatikana uwanjani huku safari ikiamuliwa ofisini, atachagua vitabu, na hatakuwa amekosea.

Kenya ilirejea 2023 kupitia Vihiga. Mwaka 2024 Kenya Police Bullets wakafika fainali ya CECAFA jijini Addis Ababa, wakashindwa.