Mafigo, na Mkojo Wenye Damu

Mama mmoja wa Bariadi, mkoa wa Simiyu, ametuandikia barua ambayo hatukuweza kuiweka kando ingoje zamu yake. Asema mwanawe wa miaka kumi na mmoja, ambaye akitoka chuo cha Kurani huchunga mbuzi wa nyumbani, hukojoa mkojo wa kawaida, kisha mwishoni hutokwa na matone ya damu. Mtoto hana homa, ala vizuri na acheza na wenziwe. Mjomba wake asema hiyo ni dalili ya kukaribia kubalehe, na kwamba kila kijana wa upande ule amepita hapo. Jirani asema figo limepasuka. Mama atuuliza: ni yupi msema kweli?

Twamjibu mapema, asije akangoja mpaka mwisho wa ukurasa huu. Wote wawili wamekosea, na mtoto apelekwe kituo cha afya wiki hii hii. Sababu yake haielezeki vema mpaka tujue kwanza mkojo watoka wapi na wafanywaje.

Wasomaji wetu wengi wamekwisha kuliona figo kwa macho yao. Siku ya Idi ya kuchinja, figo la mbuzi lipasuliwapo kwa kisu, huonekana nje yake ni nyekundu ya kukoza, ndani rangi yafifia, na katikati pana uwazi mdogo uliozungukwa na mafuta. Figo la mwanadamu halitofautiani sana na hilo. Ukubwa wake ni kama ngumi ya mwenyewe, urefu kiasi cha sentimita 11, na uzito gramu 150 hivi. Yako mawili, nyuma ya tumbo, kila moja upande wake wa uti wa mgongo, juu likifunikwa na mbavu za mwisho. Watu wa Mwambao huyaita pia nso.

Moyo wa mtu mzima aliyetulia husukuma lita 5 hivi za damu kila dakika, na katika hizo, lita moja huingia mafigoni. Tazama ajabu hiyo: viungo viwili ambavyo uzito wao wote haufiki nusu kilo vyapewa sehemu ya tano ya damu ya mwili mzima! Damu hiyo nyingi haiendi huko kuyalisha mafigo. Yaenda kusafishwa.

Ndani ya kila figo mna vichujio vidogo visivyoonekana kwa macho, navyo hesabu yake yakaribia milioni moja. Kila kichujio ni kishada cha vimishipa vyembamba vilivyojiviringa kama uzi uliokunjamana, na kishada hicho kimekaa ndani ya kikombe kidogo. Mwingereza William Bowman ndiye aliyekieleza kikombe hicho mwaka 1842, na hata leo waganga wakiita kwa jina lake. Damu iingiapo katika kishada, nguvu ya msukumo wake huyabana maji yake yapenye kuta za vimishipa na kuanguka kikombeni. Chembe nyekundu za damu ni kubwa, hazipiti. Kadhalika protini nyingi hubaki. Lakini chumvi, sukari, na taka iitwayo urea hupita pamoja na maji. Urea ni mabaki ya nyama, maziwa, maharage na vyakula vya jamii hiyo; ini huitengeneza na kuimwaga katika damu ili ichukuliwe na kutupwa.

Maji yachujwayo hivyo kwa siku moja hupata lita 180, yaani madebe tisa. Bila shaka msomaji atauliza, ni nani akojoaye madebe tisa? Hakuna. Mtu mzima hutoa lita moja au mbili tu. Basi yaliyobaki yamekwenda wapi?

Hapa ndipo ilipo hekima ya kiungo hiki. Mwanamke ajuaye kazi yake, apendapo kulisafisha sanduku la nguo, haokoti vumbi chembe moja moja. Hutoa kila kitu nje, kisha hurudisha nguo zake nzuri na kuliacha vumbi. Figo nalo hufanya vivyo hivyo. Halichagui taka katika damu. Humwaga karibu kila kitu kipitacho kikombeni, kisha kijineli chembamba kiunganacho na kikombe hurudisha damuni kile mwili unachokihitaji. Sukari yote hurudishwa, na chumvi karibu yote. Katika kila lita 100 za maji, lita 99 hivi hurejea. Kisichorudishwa ndicho mkojo. Kwa mgonjwa wa kisukari, sukari damuni huwa nyingi kupita uwezo wa vijineli kuirudisha, basi nyingine humponyoka ikatoka, na ndiyo maana wazee wetu waliona sisimizi wakikusanyika mahali alipokojoa mtu kama huyo.

Maji nayo hurudishwa kwa kipimo. Tezi ndogo iliyo chini ya ubongo hutuma amri mafigoni: leo maji ni haba, yarudisheni zaidi. Mkulima apaliliaye pamba kutwa nzima juani hupata mkojo mchache, wenye rangi ya chai ya rangi. Mwenye kufunga Ramadhani huona hayo hayo ifikapo Alasiri, naye asidhani amepatwa na maradhi, kwani mafigo mazima yaijua kazi hiyo. Ila mwenye ugonjwa wa figo au kisukari yampasa aonane na daktari kabla ya mwezi kuandama, na sheria yetu imekwisha kumpa mgonjwa ruhusa yake. Mafigo yana kazi nyingine pia: huusimamia msukumo wa damu, na huuamrisha uboho wa mifupa ufanye damu mpya. Hatutaziingia leo, maana mama wa Bariadi angali akingoja.

Mkojo ukiisha kufanyika, hushuka tone baada ya tone katika mirija miwili, kila mmoja una urefu wa sentimita 25 au 30, mpaka kibofuni, ukakaa huko hata mtu ahisi haja. Sasa litazame neno alilotuandikia mama: damu hutoka mwishoni. Damu itokayo figoni kwa kawaida huchanganyika na mkojo wote, tangu mwanzo hata mwisho. Damu ijayo mwishoni tu huelekea kutoka kibofuni, kwani kibofu kijibanapo ili kumaliza mkojo, vidonda vilivyo ukutani mwake hukamuliwa. Na kwa mtoto mchungaji wa nchi ya Bariadi, vidonda hivyo kwanza hudhaniwa ni kichocho, mpaka vipimo viseme vingine.

Mnyoo wa kichocho uligunduliwa na daktari Mjerumani, Theodor Bilharz, mjini Kairo mwaka 1851. Wako wa aina zaidi ya moja. Kando ya ziwa Viktoria, kama vile Busega, hupatikana khasa yule ashambuliaye matumbo. Huku bara, mbali na ziwa, yuko yule wa mkojo. Nchi ya Simiyu yamfaa sana. Mvua zikinyesha, malambo ya kunyweshea ng'ombe hujaa, majaruba ya mpunga hujaa, na mashimo yaliyochimbwa udongo hujaa. Humo hukaa konokono mdogo wa jamii iitwayo Bulinus. Kiangazi kikija lambo likakauka, mtu hudhani konokono wamekufa. Kumbe baadhi yao wamelala ndani ya udongo mkavu wakingoja masika.

Mtoto mwenye kichocho akikojoa katika maji hayo, mayai hupasuka, na vijidudu vitokavyo humtafuta konokono na kumwingia. Baada ya wiki kadhaa hutoka kwake wengine kwa maelfu, khasa jua likiwa kali, wakiogelea. Mtoto mwingine aingiapo kuoga au kunywesha mbuzi, humpenya ngozi kwa dakika chache, naye hahisi kitu, au huwashwa kidogo tu. Hawahitaji kidonda wala kinywa. Mwishowe minyoo wazima hukaa katika mishipa ya damu iliyozunguka kibofu, hutaga mayai kila siku, na huweza kuishi miaka mingi. Kila yai lina mwiba nchani. Mengine hutoboa ukuta wa kibofu na kutoka na mkojo pamoja na damu. Mengine hunasa.

Hayo yanasayo ndiyo tuyaogopayo zaidi, na ndiyo yamkosoayo mjomba. Mahali yalipozikwa hufanya makovu. Kovu likiuziba mrija, mkojo hukosa njia ukarudi juu kama mfereji ulioziba, na figo likavimba kwa maji. Vile vikombe tulivyovieleza huelemewa na msukumo huo, na vichujio hufa kimoja kimoja. Kichujio kilichokufa hakioti tena. Wala maumivu si lazima. Mtoto huendelea kucheza. Huja kujulikana labda akiwa mtu mzima mwenye watoto wake, na kibofu kilichokaa na makovu hayo miaka mingi huweza pia kupatwa na saratani. Jirani basi alikosea kusema figo limepasuka, bali khofu yake juu ya figo haikuwa ya bure.

Kwamba kila kijana amepita hapo hakulifanyi jambo kuwa la maumbile. Kuna maana tu kwamba wote wameoga lambo moja. Na wasichana je? Wao huchota maji na kufua humo humo. Damu yao hudhaniwa ni hedhi, au husitiriwa kwa haya, na minyoo hii huweza kuwaletea vidonda katika sehemu za uzazi. Akina mama wawaulize binti zao kwa upole.

Dawa ipo, nayo ni praziquantel, vidonge vinavyomezwa baada ya kula, kwa kadiri ya uzito wa mtu. Shuleni watoto hupimwa urefu kwa mti wenye alama ili ijulikane idadi ya vidonge. Tatizo ni kwamba mtoto asiyesoma shule, au aliyekuwa machungani siku ile, hukosa. Tena dawa huwaua minyoo waliokomaa wala haimkingi mtu na wapya. Akirudi lamboni, hurudi mwanzo. Tulinganishe na upande wa pili: mtu ambaye mafigo yake yamekufa huunganishwa na mashine ya kusafishia damu, kama iliyoko hospitali ya Bugando, Mwanza, kwa saa nne hivi, mara mbili au tatu kila wiki, maisha yake yote, isipokuwa apandikizwe figo jingine, kazi iliyoanza kufanywa nchini katika hospitali ya Muhimbili mwezi wa Novemba 2017.

Chuoni watoto wetu hufundishwa kwamba Mtume (s.a.w.) alikataza kukojoa katika maji yaliyotuama. Walimu wa Simiyu wangeweza kulionyesha katazo hilo kando ya lambo lenyewe. Wale wasio na kisima, wakatawadha na kuoga kwa maji ya lambo, wayachote na kuyaacha ndani ya chombo kilichofunikwa siku mbili kamili kabla ya kuyatumia, maana vijidudu vilivyokosa mtu hufa katika muda huo, au wayachemshe. Ya kunywa yachemshwe kwa vyovyote.

Mama, umpelekapo mwanao, mkojo wa kupimwa utolewe kati ya saa nne asubuhi na saa nane mchana, kwani mayai hutoka kwa wingi wakati huo. Matone ya mwisho yasimwagwe, yaingie chupani. Na nduguze wanaochunga pamoja naye, waende wote siku hiyo hiyo.