Jina la Mwendwa na Mikono Isiyo na Jina

Mwezi uliopita nilisafiri hadi Kithimani, kule Yatta, kaunti ya Machakos. Nilikwenda kuhani. Mwenzangu niliyesoma naye chuo, Mkamba na mtu mwema, alifiwa na mamake, na mkono wa tanzia hautumwi kwa M-Pesa peke yake.

Kithimani ni mji mdogo karibu na Matuu, upande wa barabara itokayo Thika kwenda Garissa. Ardhi yake ni kavu, lakini kuna mashamba ya mboga na matunda yanayonyweshwa na mfereji wa Yatta, uletao maji kutoka mto Thika. Mfereji huo ulichimbwa miaka ya 1950 na wafungwa wa wakati wa Mau Mau. Hadi leo watu wanavuna kwa maji yake. Jina la mfereji kila mtu alijua. Nilipouliza majina ya waliouchimba, hakuna pale aliyeweza kunitajia hata moja. Nalitaja hili mapema kwa sababu ndilo nililorudi nalo Mombasa.

Baada ya chakula tulikaa chini ya mwembe. Bibi mmoja wa nyumba ile alikuwa akisuka kiondo cha katani. Anaongea, anacheka, anamkemea mtoto, na vidole haviachi kwenda. Mjukuu wake, binti wa chuo, akamwonyesha picha kwenye simu: mwanamke amevaa gauni la pamba lililokatwa vizuri mno, na chini yake jina la mbunifu, Katungulu Mwendwa.

"Susu, huyu ni wa kwetu?"

Bibi akaitazama. "Mwendwa ni wengi, mwanangu. Mwendwa ni yule anayependwa. Hata huyu mdogo hapa ni Mwendwa." Kisha akauliza nguo kama ile inauzwa pesa ngapi. Binti akakisia bei kwa alivyoona za aina hiyo. Bibi akacheka, akanyamaza, akavuta uzi wake. "Basi langu mimi ni jina lisilopendwa."

Sote tulicheka. Lakini njia nzima ya kurudi maneno yale hayakunitoka.

Jina moja, watu wengi

Mwendwa kwa Kikamba ni mpendwa kwa Kiswahili. Ukambani jina hili ni kama Mohamed kwetu: ukiliita sokoni, wageuka watu kumi. Kuna waliolifikisha mbali. Eliud Ngala Mwendwa wa Kitui alikuwa waziri wa kazi katika serikali ya Mzee Kenyatta. Ndugu yake, Kitili Mwendwa, mwaka 1968 alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa Jaji Mkuu wa Kenya, akaondoka kitini 1971. Mke wa Kitili, Nyiva Mwendwa, mwaka 1995 akawa mwanamke wa kwanza kuingia baraza la mawaziri nchini, na wizara aliyopewa ilikuwa ya utamaduni na huduma za jamii. Wapenzi wa kandanda wanamjua Nick Mwendwa, aliyechaguliwa kuongoza shirikisho la FKF mwaka 2016. Na vijana wanaofuata mitindo wanamjua Katungulu Mwendwa, mbunifu aliyesomea kazi yake Uingereza, akarudi nyumbani na kuanzisha lebo kwa jina lake. Leo lebo hiyo yaitwa Katush, na ni miongoni mwa zile zinazotajwa watu wakizungumza juu ya mavazi ya kifahari ya Kiafrika yanayojali mazingira.

Sisemi hawa wote ni ukoo mmoja. Jina moja si damu moja. Ninachosema ni kwamba jina, likishapanda, huwa mali. Jaji, waziri, kiongozi wa mpira, mbunifu: kila mmoja amelitia jina lile uzito wake, na jina likamfungulia mlango wake.

Sheria yenyewe yalijua hilo. Sheria yetu ya alama za biashara, Sura ya 506, hairuhusu mtu kulitwaa hivi hivi jina la ukoo lililo la kawaida na kulifanya lake peke yake. Lazima aonyeshe kwamba kwa wateja jina lile limekwisha kuwa alama ya bidhaa zake. Tena inamwachia kila mtu haki ya kutumia jina lake mwenyewe katika biashara yake kwa nia njema. Kwa hiyo Mwendwa mmoja akifungua duka la nguo, Mwendwa mwingine hazuiliwi kufungua la samaki.

Lakini sheria hiyo yamlinda mwenye jina lililoandikwa. Yule ambaye jina lake halikuandikwa popote, kama bibi wa Kithimani, haimwoni.

Sina ugomvi na bei

Wako watakaosema: ndio haya, nguo moja bei ya mbuzi watatu, wanaibia watu. Mimi siko upande huo.

Nguo rahisi haiko rahisi kwa kila mtu. Kuna aliyeilipia mahali. Ama mkulima wa pamba amepunjwa, ama fundi ameshona saa kumi na nne, ama rangi za kiwanda zimemwagwa mtoni. Na sisi tunajua mwisho wa nguo hizo, kwani marobota ya mitumba yashukia bandarini kwetu Kilindini, na zisizovalika zaishia jalalani. Mbunifu anayetengeneza nguo chache, kwa pamba ya bara letu, akashonesha hapa hapa na kumlipa fundi ujira wa haki, lazima bei yake ipande. Hiyo ni bei ya kweli, na mwenye uwezo na alipe.

Tena huu unaoitwa leo uendelevu, wazee wetu waliufanya bila kuupa jina. Leso moja ilikuwa mavazi, ikawa mbeleko, ikawa pazia, ikaishia kuwa tambara la jikoni. Hakuna aliyewapigia makofi.

Ugomvi wangu ni huu: katika bei ile kubwa, jina linalipwa kiasi gani, na mkono unalipwa kiasi gani? Nilipita duka moja la Nairobi siku iliyofuata. Vilikuwako viondo vya katani vimetiwa mikanda ya ngozi, kila kimoja kina kibandiko kizuri chenye jina la duka. Bei ilikuwa mara nane ya ile aliyonitajia bibi kule Kithimani. Mkanda wa ngozi una gharama yake, kodi ya duka ina gharama yake, sikatai. Lakini nilitafuta kwenye kibandiko neno moja la kuniambia kimesukwa na nani, au walau wapi. Sikuliona.

Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Siku hizi sivyo. Chema kisicho na jina huuzwa na mwingine.

Na sisi wa pwani je?

Tusiwatazame Wakamba kwa huruma kana kwamba sisi tumesalimika. Historia yetu na yao imesukwa pamoja. Katika karne ya kumi na tisa misafara yao ilileta pembe za ndovu hadi Mombasa. Na wakati wa vita vya kwanza vya dunia, Mkamba mmoja, Mutisya Munge wa Wamunyu, hiyo hiyo Machakos, alijifunza kuchonga kutoka kwa Wazaramo wa pwani ya Tanganyika, akarudi na ufundi ule kwao. Kutokana na yeye ikazaliwa kazi iliyolisha maelfu, na ndugu zake wakarudi nayo pwani. Chama cha ushirika cha wachongaji Wakamba kiko Changamwe mpaka leo. Jina la Mutisya tunalo. Wazaramo waliomfunza hatuna jina hata la mmoja.

Kwetu, ufundi wa kujilinda kwa jina haukuwa mgeni. Tazama leso za Mali ya Abdulla, za Kaderdina Hajee Essak wa mtaa wa Biashara. Kwa zaidi ya miaka mia moja mama zetu wamekuwa wakichungulia ukingo wa leso kutafuta herufi K.H.E. kabla ya kufungua mkoba. Leso yenyewe huenda imepigwa chapa ng'ambo, lakini jina la Mombasa liko pale na mwenye duka amelilinda. Huo ni mfano wa kujifunza.

Mfano wa kutuonya ni kikoi. Mwaka 2006 kampuni moja ya Uingereza iliomba kusajili neno Kikoy liwe alama yake ya biashara kule. Fikiri: neno letu, vazi la baba zetu, na Mkenya anayeuza vikoi Uingereza angelazimika kuomba ruhusa kulitaja. Ilibidi Traidcraft, shirika la huko huko Uingereza, na watetezi wa wafumaji wa Kenya waingie kupinga, na kufikia 2008 ombi lile lilikwisha nguvu. Tuliokolewa. Lakini tuliokolewa na watu walioamka mapema kuliko sisi wenye mali.

Na kofia? Mama yangu, Mwenyezi Mungu amrehemu, alishona kofia za mkono. Kofia moja nzuri ilimchukua wiki nyingi, tundu kwa tundu, mchana barazani na usiku kwa taa. Macho yake yaliishia humo. Aliyekuja kuzinunua alizipeleka mjini, na huko zikaitwa kwa jina la muuzaji. Leo zimejaa za mashine kutoka ng'ambo, zina mauwa yale yale, na kijana hajui tofauti. Mwaka 2019 serikali iliwaagiza watumishi wa umma wavae nguo za Kenya kila Ijumaa. Sisi Ijumaa tunavaa kanzu na kofia tangu hapo. Swali ni ngapi katika hizo zimeshonwa na mkono wa hapa.

Sheria ipo, daftari liko wapi?

Kenya ina sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni. Yasema kwamba maarifa ya jamii ni mali ya jamii, na atakayetaka kuyatumia kibiashara aombe idhini na wagawane faida. Nayo inazipa serikali za kaunti wajibu wa kuweka daftari la maarifa hayo. Si Nairobi. Ni kaunti: Lamu, Mombasa, Kwale, Kilifi, Tana River, na kule Machakos.

Basi mwakilishi wadi wako akija kuomba kura, usimwulize bendera na fulana. Mwulize: daftari letu liko wapi? Kofia ya Lamu imeandikwa? Mkeka, kikoi, msuko wa makuti vimeandikwa, na mafundi wake ni akina nani?

Najua jibu nitakalopewa. Nitaambiwa mambo ya usajili ni ya mawakili, na vyama vya akina mama hufa mikononi mwa wenyeviti wao. La pili ni kweli, nimeviona vikifa. Lakini jirani zetu wa Taita wameonyesha njia. Wasukaji wa vikapu wa kule wameungana, wakasaidiwa na Shirika la Haki Miliki Duniani, WIPO, na taasisi yetu ya KIPI, wakasajili alama ya pamoja ya kikapu cha Taita. Hakuna mama hata mmoja kati yao aliye jaji au waziri. Mmoja mmoja hawakuwa na jina la kuuza. Kwa pamoja wamepata.

Na kwa wabunifu wetu wenye majina, ambao ninawaheshimu na kuwaombea wazidi, nina ombi dogo. Kibandiko kina pande mbili. Upande mmoja andikeni jina lenu, mmelitolea jasho. Upande wa pili andikeni jina la aliyesuka, aliyefuma, aliyeshona, na kijiji chake. Mteja anayelipa bei ya kifahari kwa kujali watu na mazingira atalipia hilo kwa furaha, kwa sababu ndicho hasa anachoambiwa ananunua. Mtume (S.A.W.) ametuagiza tumlipe mfanyakazi ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Katika zama ambazo jina ni pesa, naona kutajwa nako ni sehemu ya ujira.

Kile kiondo nilikinunua. Bibi alitaka kunipunguzia kwa kuwa ni mgeni wa msiba, nikakataa, tukavutana kinyume cha watu wa sokoni, mwishowe akakubali bei aliyoitaja mwanzo. Nilimwuliza jina lake, akanitajia, akashangaa nalitakia nini.

Mke wangu huenda nacho Kongowea. Akiulizwa na wenzake amekinunua duka gani, hutaja jina la yule bibi kwanza, kisha husema, wa Kithimani.