Barua Iliyoishia kwa Mama

Novemba 1919, Franz Kafka, mwandishi wa Prague mwenye umri wa miaka 36, alimwandikia baba yake barua ya kurasa zipatazo 100. Mzee Hermann, mfanyabiashara mkali, alikuwa ameipinga ndoa aliyoitaka mwanawe. Franz alimpa mama barua aifikishe. Kwa maelezo ya rafiki yake Max Brod, mama hakuifikisha, alimrudishia Franz. Miaka 5 baadaye kifua kikuu kilimuua Franz, baba angali hai.

Mama wa aina hiyo yupo Dar es Salaam na Nairobi pia. Ada huombwa kwa baba kupitia kwake, habari za mchumba vilevile.

Husifiwa kwa kutuliza nyumba. Sifa hiyo ina walakini, kwani baba na mtoto hubaki bila kuzungumza, lakini lawama ya kwanza ni ya baba: nani atamfungukia mtu anayejibu kwa kukohoa, kisha kuongeza sauti ya redio?